Matanga ya Msitu wa Chini

Katika nchi moja ambayo jina lake silitaji, kwa kuwa wenyewe hulitaja vya kutosha redioni, alikuwapo mwanamke aliyeajiriwa na serikali kazi ya kulia. Aliitwa Bi Tusekile. Msicheke. Nchi nyingine zina wakurugenzi ambao kazi yao haijulikani mpaka leo, na hakuna anayewacheka.

Kabla serikali haijamgundua, Bi Tusekile alikuwa mwombolezaji wa watu wa kawaida huko kwao Lwidi. Palipotokea msiba aliitwa yeye. Alikaa kichwani mwa jamvi, akaanzisha kilio, na hakuondoka mpaka marehemu mwenyewe aondoke. Maana watu wa nchi hii wanajua, na nyinyi mjue, kwamba maiti akishazikwa hajaenda popote. Huzungukazunguka nyumbani. Hukaa begani mwa huyu, hulala miguuni mwa yule, anataka kuona nani analia kweli na nani anapangusa pua tu. Muda wote huo katika nyumba ya msiba hauwashwi moto, hata wa kuchemshia chai. Majirani ndio wanaoleta chakula. Hadi siku ile mwombolezaji anaposikia kisogoni mwake kwamba uzito umetoka. Hapo husimama, hutamka neno moja, "Ameondoka," basi jamvi linakunjwa, tanga linaanuliwa na jiko linawashwa. Mila hiyo hakuna aliyewahi kuibishia, hata waliosoma ng'ambo, kwa sababu nao walishakula sana chakula cha majirani.

Na Bi Tusekile hakuwahi kulitamka neno hilo kwa uongo. Aliwahi kukaa katika nyumba ya mfanyabiashara mmoja mpaka watoto wa marehemu wakamnunia, wana haraka ya kugawana mali, naye akawaambia, "Baba yenu yuko pale penye kabati. Mkimwona, msipomwona, shauri yenu." Wakakaa chini wakalia upya.

*

Sasa, nchi hii ilikuwa na mtambo wa umeme ulioitwa Nuru ya Milele, ambao chakula chake kilikuwa makaa ya mawe. Ulikula asubuhi, ukala mchana, ukala na watu wamelala, na bomba lake lilipumua moshi juu ya mji mkuu kama babu mwenye kiko. Kadiri ulivyokula ndivyo joto lilivyopanda. Mvua zikachelewa. Wizara ikatoa taarifa kwamba mvua hazijachelewa, ila kalenda ndiyo iliyokuja mapema. Mto Lwidi ukakauka. Wizara ya Ujenzi ikaufungua kuwa barabara, utepe ukakatwa, na waliokuwa wavuvi wakapongezwa kwa kupata nyumba kando ya barabara kuu. Mwaka uliofuata mto ukarudi siku moja kwa kishindo, ukaichukua barabara pamoja na nyumba, na Wizara ya Maji ikawashangaa watu wanaojenga ovyo.

Kuhusu joto, serikali haikulala. Ilianzisha mpango wa Feni kwa Kila Nyumba. Feni zilitaka umeme. Umeme ulitaka makaa. Makaa yalileta joto. Joto lilitaka feni. Mheshimiwa Kasyupa, Waziri wa Nishati, Feni na Hali ya Hewa, alichora mduara huo ubaoni mbele ya waandishi wa habari, akaugonga kwa fimbo kwa furaha ya mtu aliyevumbua kitu.

"Ndugu zangu," akasema, "huu ndio uchumi unaojizungusha wenyewe. Hauna mwanzo, hauna mwisho. Nani kama sisi?"

Watu wakapiga makofi, kwanza kwa sababu waliambiwa, pili kwa sababu makofi yana kaupepo kake.

Mama yake Bi Tusekile, Bi Subilaga, naye alipata feni yake huko Lwidi. Alikuwa ajuza wa kifua kibovu. Zamani nyumba yake iliezekwa nyasi, lakini nyasi zikapigwa marufuku kwamba zinalitia taifa aibu, akaezekewa bati, na mchana ukiingia mle ndani utadhani umeingia kwenye chungu kilichofunikwa. Bila ile feni, alisema jirani yake Anyisile, mama asingeumaliza msimu. Baadaye, Bi Tusekile alipopata kazi mjini, alimsihi ahamie huko, akae naye. Mama akakataa katakata.

"Huko kwenu ndiko joto linakopikwa," alimwambia. "Sisi huku tunapakuliwa tu. Niache hapa hapa."

*

Ikaonekana kwamba Nuru ya Milele ina tumbo dogo. Likajengwa tanuri la pili, kubwa mno, na machimbo mapya yakafunguliwa katika milima ya Itumba. Hapo ndipo mambo yalipotumbukia nyongo.

Wachimbaji walipasua pande la makaa, wakakuta ndani yake jani. Limelala kwa utulivu, mishipa yake yote inaonekana, refu kuliko mkono wa mtu mzima. Wakapasua pande jingine: gome la mti. Jingine: mzizi. Wakatazamana. Walikuwa hawachimbi mawe hata kidogo. Walikuwa wamesimama ndani ya kaburi la msitu mzima, uliozikwa na jua lake lote kabla ya mtu wa kwanza kuzaliwa. Wakaweka sururu chini, wakatoka, na hakukuwa na posho iliyoweza kuwarudisha. Kufukua kaburi bila kulia ni jambo ambalo hata mwizi wa nchi ile halifanyi.

Baraza la Mawaziri likakutana kwa dharura. Mmoja akapendekeza wapelekwe wanajeshi. Ikaletwa habari kwamba wanajeshi nao wana mama zao na mila zao. Ndipo Mheshimiwa Kasyupa akatoa rai iliyomng'arisha.

"Wanataka kilio? Tuwape kilio! Machozi hayaagizwi kutoka nje."

Ikapitishwa sheria ya kuutambua msitu ule kuwa Marehemu wa Taifa. Na ili wazee wa Itumba wasije wakadai kwamba marehemu ni wao, na kwa hiyo makaa ni yao, mwanasheria akachomeka kifungu: mfiwa pekee, mwenye msiba na mwenye kurithi kila kitu, ni Serikali. Kifungu hicho kilishangiliwa mpaka meza zikatikisika.

Mazishi yakafanyika uwanjani. Pande moja la makaa lililazwa katika jeneza la kioo, likafunikwa bendera. Mtukufu Mkuu wa Nchi akahutubia kwa sauti ya majonzi: "Msitu huu haukufa. Ulilala tu, ukisubiri kulitumikia taifa." Bendi ikapiga. Kisha Bi Tusekile, aliyeletwa kwa gari la serikali kutoka Lwidi na kupewa cheo cha Mwombolezaji Mkuu, akasogezewa kipaza sauti.

Alikuwa amekuja kufanya kazi, si zaidi ya hapo. Miti ya zamani za kale haikuwa na undugu naye. Lakini alipofungua kinywa, wakaja wafu wenyewe. Maisha yake yote alikuwa amelilia mtu mmoja mmoja. Hakuwa amejiandaa kwa umati. Walishuka wote kwa mpigo, warefu, kimya, wakinuka udongo mbichi, na uzito ukamwangukia kisogoni. Akalia kilio ambacho hakukipanga. Uwanja ukanyamaza, hata wauza maji wakaacha kuita. Waziri Kasyupa akamnong'oneza mwenzake kwamba huyu mama apewe mkataba wa kudumu.

*

Wachimbaji, roho zikiwa zimetulia, wakarudi chini. Makaa yakapanda treni. Tanuri la pili likajazwa, zulia likatandikwa, na Mtukufu akakaribishwa kubonyeza kitufe. Hapo Lwitiko, msimamizi wa wachochea moto, mtu mnene wa mikono na mpole wa maneno, akavua kofia.

"Mtukufu, tuwie radhi. Hatuwezi kuwasha."

"Kumeharibika nini?" akauliza Waziri.

"Hakujaharibika kitu, Mheshimiwa. Nyumba ina msiba."

Waziri akacheka, akamtazama Mtukufu, akaacha kucheka. "Nyumba gani?"

"Hii. Sheria imesema mfiwa ni Serikali, na mtambo huu ni wa Serikali. Tangu lini mfiwa akawasha moto na tanga halijaanuliwa?" Lwitiko akaikunja kofia yake mara mbili, kisha akaongeza kwa upole zaidi, "Na lile tanuri la zamani tumeshalizima, Mheshimiwa. Isije ikaonekana tunavunja sheria yenu."

Lo! Nchi ikazimika kama kibatari kilichopulizwa. Maofisini mipira ya mihuri ililainika kwa joto ikagandana na karatasi, kwa hiyo kila barua ikawa imeidhinishwa na kukataliwa kwa pamoja. Mtukufu angeweza kutumia nguvu, lakini uchaguzi ulikuwa unabisha hodi, na mtu anayewasha moto penye msiba hapigiwi kura hata na mkewe. Basi hakukuwa na njia. Baraza zima likavua viatu, likakaa majamvini mbele ya mtambo, ndevu zikaota. Nchi jirani, kwa kufuata mila, zikaleta chakula. Moja ilileta na ankara yake.

Haya yote sasa yakawa yanasubiri kisogo cha mwanamke mmoja.

*

Kila asubuhi Waziri Kasyupa alimsogelea Bi Tusekile kwa magoti, jamvi hadi jamvi.

"Shikamoo, mama. Vipi, wameondoka?" Wakati wa raha hakuwahi kumwamkia.

"Marahaba. Bado, Mheshimiwa."

"Hata wachache?"

"Hajaondoka hata mmoja."

Wengine walisema anaringa, amenogewa na cheo. Hawakujua. Bi Tusekile alikuwa anaogopa, na woga huo hakuwa na wa kumwambia. Msiba wa kawaida huchuja. Leo unazidi, kesho unapungua. Huu ulisimama pale pale. Katika jua la saa saba, mahali pasipo na mti hata wa kufungia mbuzi, alisikia majani yakisuguana juu ya kichwa chake. Akiinua macho anaona anga jeupe tu. Wake wa wachochea moto walianua shuka wakazikuta na masizi yaliyotua kwa umbo la majani, marefu, ya mti usio na jina. Walizifua. Majani yakarudi, yakiwa yamekua kidogo. Wakaamua kuzizika, na mmoja wao akahama.

Lakini kilichomtisha zaidi ni kwamba wale wafu hawakuwa na hasira. Hasira angeijulia dawa. Walikuwa wamesimama tu angani, bega kwa bega, juu ya mapaa ya watu, wa makaa ya jana na wa makaa ya miaka yote iliyopita, kama wageni waliofika ugenini wasionyeshwe pa kukaa. Na kwa kuwa walikuwa wengi, chini yao hapakupita upepo.

Akaomba aletewe mtu anayejua mambo ya hewa. Serikali ilikuwa naye, tena mwenye shahada, ila ilimweka kulinda ghala la feni. Akaletwa Profesa, amevaa tai hata matangani, akafurahi mno kuulizwa kitu.

"Ni jambo jepesi, mama," akaanza, akajikohoza kana kwamba yuko ukumbini. "Mti ukiwa hai hula hewa ukaa. Ukizikwa, huzikwa nayo. Ukiuchoma, yote iliyokula hutoka na kupanda juu, na huko ni miongoni mwa gesi tunazoziita gesijoto. Jua linapita, linaipasha ardhi. Joto likitaka kurudi zake juu, gesi hizi zinalizuia. Ni blanketi. Kila tunapochoma makaa, blanketi linanenepa, dunia inatokota, mvua zinapotea njia. Nikisema kitaalamu, linafanya kazi vizuri sana."

"Na hiyo hewa huondoka lini?"

"Sehemu humezwa na bahari na misitu, kama misitu ipo. Sehemu hubaki mamia ya miaka." Profesa akatabasamu. "Nyingine maelfu."

"Maelfu!" Waziri akaruka jamvini. "Uchaguzi ni mwezi wa kumi!"

"Profesa," akasema Bi Tusekile, "jambo hili mbona hamkulisema?"

"Tulilisema, mama, kwenye semina. Bahati mbaya siku ile chakula kilikuwa kizuri sana."

Bi Tusekile akashika tama. Kwa hiyo hakuwa amechanganyikiwa. Kisogo chake kilikuwa kinasema kile kile alichosema msomi, ila msomi alikuwa anacheka.

"Nisikilizeni," akasema mwishowe. "Waliokwisha panda wamepanda, sina uwezo nao. Lakini wale wa Itumba walio chini bado wamelala. Waacheni walale. Tafuteni kitu kingine cha kuwashia taa. Jua hili linalotuunguza, halina kazi nyingine?"

"Jua halina zabuni, mama," akajibu Waziri kwa masikitiko ya kweli. "Tutalipa kwa nani? Nani atatia sahihi kwa niaba yake?"

Mawaziri wengine wakatikisa vichwa. Kweli, jua lilikuwa na kasoro hiyo.

*

Mchana mmoja simu ya Bi Tusekile ikalia. Alikuwa Anyisile, jirani wa mama, ameichaji simu yake kwa betri ya pikipiki.

"Dada, mama yako."

"Ana nini mama?"

"Feni haijazunguka tangu mzime huko. Ninampepea kwa ungo mpaka mikono imekufa ganzi. Nimemfunika kanga ya maji, inakauka kabla sijaketi. Jana ameniuliza mimi ni mtoto wa nani." Akasikika akiichovya kanga tena majini. "Dada, mimi nimefika mwisho wa uwezo wangu. Njoo, au fanya ufanyavyo umeme urudi. Huyu hamalizi wiki."

Kwenda hakuweza. Mwombolezaji haondoki jamvini kabla tanga halijaanuliwa. Akiondoka, msiba unaanza upya, na angekuwa amewaongezea watu siku za kukaa bila moto. Akaiweka simu chini, akajifunika uso kwa kanga, na kwa mara ya kwanza tangu apewe mshahara wa kulia, akalia cha kwake.

Waziri Kasyupa alikuwa ameyasikia yote. Nisimsingizie, hakuwa mtu mbaya. Naye alikuwa na mama, na alikwisha mpeleka mama huyo nchi ya baridi. Akasogea, safari hii bila hotuba.

"Bi Tusekile, pole sana."

"Asante."

"Naomba nikuulize kitu. Umesema mwenyewe, na Profesa amesema: waliopanda hawashuki. Hata tukikaa hapa gizani mwaka mzima, joto la Lwidi leo halipungui. Si ndivyo?"

"Ndivyo."

"Basi unyamavu wako unamfaa nani? Unawafaa watu ambao hawajazaliwa. Wajukuu wa wajukuu wa watu. Sawa, tunawapenda. Lakini mama yako ameshazaliwa, mama. Yuko pale, chini ya bati. Anataka feni, na anaitaka sasa hivi."

Maneno hayo yalimchoma kwa sababu yalikuwa ya kweli. Yangekuwa ya uongo angeyaweza, alikuwa amezoea uongo wa wafiwa wenye haraka. Alijaribu kuwafikiria hao ambao hawajazaliwa, awape nyuso, awaone wakihema mahali fulani, lakini kila uso uliomjia ulikuwa wa mama yake, mdomo wazi, akitafuta hewa. Juu yake majani yalisuguana. Na mbali kule Itumba, chini kabisa, aliwasikia wale wengine, wamelala kwa amani wasijue kwamba wanajadiliwa. Akawaomba radhi moyoni. Hawakujibu, maana aliyelala hajibu.

Akasimama. Kisogo kilikuwa kizito kuliko siku zote.

"Wameondoka," akasema.

Shangwe iliyolipuka pale sijui niilinganishe na nini. Mawaziri walikumbatiana na ndevu zao. Mtukufu akatafuta viatu, akavaa vya mtu mwingine. Lwitiko peke yake hakucheza. Alimjia Bi Tusekile akainama mbele yake.

"Mama, una hakika?"

"Washa, mwanangu."

"Mimi nitawasha. Nakuuliza kama una hakika."

Bi Tusekile akaangalia pembeni, akaanza kukunja jamvi. Lwitiko akavaa kofia yake akaenda tanurini.

*

Matanuri yote mawili yakawashwa. Taa zikawaka, mihuri ikapoa, na kwa kuwa moshi ulikuwa sasa umeliliwa kikamilifu, Wizara ikautangaza kuwa moshi halali. Waziri Kasyupa akatamba kwamba nchi hii ndiyo ya kwanza duniani kulimaliza tatizo la gesijoto kwa njia ya mila na desturi. Akaalikwa kwenye mikutano ya mbali kwenda kueleza, akapanda ndege kila wiki. Bi Tusekile akavishwa nishani mbele ya watu, na juu ya nishani akapewa feni ya pili, ya kusimama, yenye vitufe.

Hakusubiri hata soda. Alipanda gari lililokuwa likienda Lwidi, ameikumbatia ile feni, akawa anaomba kimoyomoyo njia nzima: nimkute, nimkute tu, mengine nitajibu baadaye.

Akamkuta. Mama alikuwa ameegemezwa mito kitandani, feni ya kwanza inazunguka kwa kasi yake yote, pindo la shuka linapepea. Anyisile alimrukia Bi Tusekile mlangoni, machozi yanamtoka huku anacheka.

"Umetuokoa, dada! Umeme uliporudi tu, akafungua macho. Asubuhi amekunywa uji, bakuli zima. Mungu akubariki."

Bi Tusekile akapiga magoti kando ya kitanda, akaushika mkono wa mama yake, akauweka shavuni. Furaha ilimjaa. Aliichomeka ile feni mpya upande wa pili, sasa upepo ukawa unatoka pande mbili, na Anyisile akaenda zake kupumzika, maana naye alistahili.

"Mwanangu," akasema Bi Subilaga.

"Abee, mama."

"Umekuja."

"Nimekuja, mama. Siendi tena."

"Nimekusikia redioni. Umesema wameondoka."

"Ndiyo, mama."

Mama akamtazama. Macho yake yalikuwa yamerudi, safi kabisa, macho ya mtu mwenye akili zake. Akayazungusha taratibu kutoka dirishani mpaka kwenye pembe ya kabati, kutoka kwenye pembe mpaka darini, akiyatua mahali na mahali kwa adabu, kama mwenye nyumba anayeamkia watu sebuleni.

"Sasa hawa ni akina nani?"

"Akina nani, mama? Tuko wawili tu humu."

"Hawa waliojaa. Wamesimama mpaka juu ya kitanda changu. Nimewakaribisha tangu juzi, hawaketi."

Bi Tusekile hakugeuka. Hakuhitaji kugeuka, kisogo kilikwisha mwambia tangu alipovuka kizingiti, akawa anajitia hamnazo kwa sababu ya furaha. Feni mbili zilivuma, zikichukua joto la upande huu na kulipeleka upande ule. Mama akavuta pumzi, ikamfikia nusu. Akavuta nyingine.

"Simfukuzi mgeni, mwanangu, sikulelewa hivyo," akasema, sauti imeanza kufifia. "Lakini wewe ndiye wanayekusikia. Waambie hawa wanaozidi kuingia wangoje kwanza nje, nipate na mimi kupumua."

Bi Tusekile akainua uso, akatazama mlangoni. Mlango ulikuwa wazi, na walikuwa bado wanaingia.